Sakawa alisema 'zitajengwa' au 'zingejengwa'? Wakati ujao ulioharamishwa Gusii

KUNA sentensi ambayo watoto wengi wa Kisii na Nyamira huisikia kwa wazee wao kabla hawajaisoma popote: "Sakawa alisema nyumba za Wazungu zitajengwa hapa." Mzee anayeisema huwa amesimama katika mji wa Kisii, ambao wakongwe bado wanauita Getembe au Bosongo, na nyumba zenyewe zi mbele yake. Nyingine zimechakaa, nyingine zimebomolewa zikajengwa upya.

Mtoto huyo akifika darasani kwenye somo la usemi wa taarifa, anafundishwa kwamba mzee wake amekosea. Kiambishi -ta-, anaambiwa, hugeuka kuwa -nge-. Neno "hapa" hugeuka kuwa "pale" au "hapo". Sentensi yenye kupata alama ni hii: "Sakawa alisema kwamba nyumba za Wazungu zingejengwa pale."

Hebu zisome mbili hizo kwa sauti. Ya kwanza inamfanya msikilizaji ageuke aziangalie nyumba. Ya pili inamfanya aulize: zingejengwa, halafu nini kikazuia?

Leo namtetea mzee. Masimulizi ya unabii wa Sakawa, nikiyasoma kama mhakiki na si kama muumini, ni kazi ya sanaa iliyosimama juu ya kiambishi kimoja, -ta-. Kiambishi hicho kimewekewa mipaka mara tatu: serikali ya kikoloni ilikikataza kwa sheria, mwanafalsafa wetu mashuhuri akakifupisha kwa nadharia, na darasa la sarufi linakikata kwa kalamu nyekundu hadi leo. Kikwazo cha kwanza kiliondoka na wenyewe. Cha pili kimejibiwa na wasomi. Cha tatu kimo mikononi mwetu.

Sentensi yenye nyakati tatu

Sakawa (wengine huandika Sakagwa) alikuwa omobani, yaani nabii kwa Ekegusii. Aliishi Gusii katika nusu ya pili ya karne ya 19, na masimulizi yanasema alitoweka mwanzoni kabisa mwa karne ya 20. Habari zake zimo katika kazi za watafiti kama William Ochieng' na Audrey Wipper, lakini makao yake hasa ni vinywa vya watu. Inasemekana aliwaambia watu kwamba wageni weupe watakuja, kwamba vijana watapokonywa silaha, na kwamba pale Getembe patakuwa na majengo yao. Katika matoleo mengine hasemi tu. Anatembea, ananyoosha kidole, anaonyesha hapa patakaa nini na pale patakaa nini.

Kisha wageni wakaja. Mwaka 1905 jeshi la Waingereza lilivamia Gusii kwa mara ya kwanza na watu wengi wakauawa. Mwaka 1907 ofisa Geoffry Northcote akafungua kituo cha serikali Kisii. Januari 1908 Otenyo akamchoma mkuki Northcote, naye Moraa Ng'iti, mwanamke aliyekuwa mganga na mwaguzi, anakumbukwa kama ndiye aliyewachochea vijana wasimame. Northcote alipona. Jeshi lilirudi mwaka huo huo, nyumba zikachomwa na mifugo ikaswagwa.

Sasa turudi kwenye sentensi ya mzee, tuichambue kama tunavyochambua ubeti. Ina nyakati tatu ndani yake. Upo wakati wa msimulizi, ambao ni leo. Upo wakati wa Sakawa, uliobebwa na -li- katika "alisema". Na upo wakati wa nyumba, ambao kwa Sakawa ulikuwa bado, na kwetu umekwisha kupita. Kiambishi -li- kinatupeleka nyuma. Tukishafika huko, -ta- inatugeuza uso tutazame mbele, na neno "hapa" linatushika mkono kutuonyesha kwamba hiyo "mbele" ndipo tulipokanyaga. Shuleni tunafundisha kisengere nyuma na kisengere mbele kama vitu viwili, kila kimoja na ufafanuzi wake na mfano wake. Mzee ameviweka vyote viwili katika maneno saba, wala hakuhitaji istilahi.

Mtu atauliza: lakini je, Sakawa aliyasema kweli? Ni swali halali na jibu lake ni la wazi. Masimulizi tuliyo nayo yalikusanywa baada ya nyumba kujengwa. Utabiri unaosimuliwa baada ya tukio ni mbinu ya kale duniani kote. Virgil, mshairi wa Roma, alimfanya shujaa wake ashuke kuzimu akasikie marehemu baba yake akitabiri utawala wa Augusto, ilhali Virgil alipokuwa akiandika Augusto alikuwa tayari ameketi kitini. Hakuna mhakiki anayemwita Virgil mwongo. Tunauliza utabiri ule unafanya kazi gani katika utenzi wake na unamfaa nani.

Tumuulize Sakawa swali hilo hilo. Masimulizi yake yaliwafaa nini watu walioshindwa vitani mara mbili katika miaka mitatu? Yaliwaambia kwamba walichokiona hakikuwa ajali. Mtu wao alikiona kwanza, kwa lugha yao, kwenye ardhi yao. Mzungu alidhani anafungua ukurasa mpya, kumbe alikuwa anaingia ndani ya hadithi iliyokwisha kuanza bila yeye. Na aliyemo ndani ya hadithi ya mwenzake anaweza pia kutolewa humo. Ndiyo maana sehemu nzito ya unabii huu haikuwa kuja kwa Wazungu. Ilikuwa kwamba wataondoka.

Neno "wataondoka" mbele ya serikali

Hapa ndipo sarufi ilipoingia kwenye faili za polisi. Mwaka 1913, Onyango Dunde wa Alego, upande wa Siaya, alitangaza kwamba nyoka mkubwa wa ziwani alimmeza akamtapika, akampa ujumbe wa mungu aitwaye Mumbo. Ujumbe ulisema Wazungu ni maadui na siku zao zinahesabika. Wafuasi waache dini ya kigeni na mavazi ya kigeni, nacho chakula na mifugo vitapatikana bila jasho. Dini hiyo ilivuka ikaingia Gusii, ikakutana na kumbukumbu ya Sakawa. Baadaye yakazuka makundi yaliyomngoja Sakawa mwenyewe arudi, na mjane wake akiwa miongoni mwa walioongoza.

Septemba 1914 Vita vya Kwanza vya Dunia vilifika mlangoni. Majeshi ya Wajerumani yaliingia Kisii kutoka upande wa Tanzania ya leo, Waingereza wakauacha mji, pande mbili zikapigana, na kwa muda mji ukakosa mwenyewe. Watu wa karibu waliingia wakachukua vilivyokuwa ndani. Serikali iliporudi iliuita wizi, ikatoza faini ya mifugo. Lakini mtu aliyekuwa na sentensi "Wazungu wataondoka" masikioni mwake, na asubuhi moja akaona wameondoka, alikuwa na tafsiri yake. Kwake yeye -ta- ilikuwa imetimia.

Serikali ililiona hilo vizuri. Ilihitaji kodi ya nyumba, ilihitaji wapagazi wa vita, ilihitaji vibarua wa mashamba ya walowezi. Vyote hivyo vinamtaka mtu anayeamini kwamba kesho itafanana na leo. Mtu anayesema "wataondoka" hana haraka ya kulipa. Viongozi wa Mumbo wakaanza kukamatwa, wengine wakahamishiwa mbali pwani, hadi Lamu. Hata hivyo haikuisha. Mwaka 1954, katika hali ya hatari, Mumbo ilikuwa miongoni mwa dini zilizopigwa marufuku.

Sitaki msomaji adhani nasifu kila nabii. Wakati ujao ukisemwa kwa nguvu unaweza kuua. Kule kwa Waxhosa wa Afrika Kusini, mwaka 1856 na 1857, watu walichinja ng'ombe wao na kuacha kulima kwa sababu msichana Nongqawuse alisema wafu watafufuka na mifugo mipya itatokea. Maelfu kwa maelfu walikufa njaa. Hata huku kwetu, aliyeacha jembe kwa kumngoja Mumbo alilala na njaa kwanza kabla ya kukutana na askari. Mhakiki anayependa nguvu ya maneno lazima akiri kwamba nguvu hiyo haichagui upande.

Ila angalia jambo moja. "Wazungu wataondoka" ilikuwa hatia mwaka 1914. Baada ya Desemba 1963 sentensi ile ile, herufi kwa herufi, ikawa urithi wa kusimuliwa watoto. Sentensi haikubadilika. Iliyobadilika ni saa ya msikilizaji. Uwezo huo wa kuwa wazi leo na kutimia kesho umo ndani ya -ta-. Ukiandika "wangeondoka" umeufunga mlango, na yule wa 1914 asingekuwa na kitu cha kungojea.

Mbiti na wakati ujao mfupi

Kikwazo cha pili kilitoka kwa mtu wetu, tena mtu wa kuheshimiwa. Marehemu John Mbiti, aliyezaliwa Ukambani mwaka 1931 na kufariki 2019, alichapisha mwaka 1969 kitabu chake maarufu kuhusu dini na falsafa za Waafrika. Humo alidai kwamba Mwafrika wa jadi ana wakati wa pande mbili: uliopita ulio mrefu, na uliopo. Wakati ujao, alisema, karibu haupo. Ushahidi wake ulikuwa wa kisarufi. Alichunguza vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu akaona kwamba nyakati zijazo zinafika miezi michache tu, labda miaka miwili kwa kuvuta sana. Na alipotafuta majina ya kuziitia pande hizo mbili, alichukua maneno ya Kiswahili: Sasa na Zamani.

Lugha yetu ilipata heshima kubwa siku hiyo. Sasa na Zamani zikasomwa katika vyuo vya Ulaya na Marekani. Lakini mtu akija kukopa kwako, muulize na alichokiacha ghalani. Kiswahili kina kesho. Kina keshokutwa. Baada ya keshokutwa kuna mtondo, na baada ya mtondo kuna mtondogoo. Ukirudi nyuma je? Jana, juzi, halafu unaanza kubabaisha: juzi ile, majuzi, siku zile. Kwa hesabu ya siku zenye jina lake lenyewe, Kiswahili kimekwenda mbele zaidi kuliko nyuma. Siku nne si wakati ujao wa mbali, nakubali. Lakini lugha isiyojali yajayo isingejisumbua kuibatiza mtondogoo.

Tena Mbiti alikwenda hatua moja zaidi. Alisema kwamba manabii kwa maana kamili ya Biblia hawakuwapo katika jamii za jadi, na sababu aliyoitoa ni huo huo ufupi wa wakati ujao. Jamani! Kwao Ukambani kuna Syokimau, mwanamke ambaye masimulizi yanasema aliwaona wageni wakija na nyoka mrefu wa chuma kabla reli haijafika. Jina lake ndilo lililopewa stesheni ya treni karibu na Nairobi, iliyofunguliwa mwaka 2012. Wagikuyu wana Mugo wa Kibiro. Wanandi walikuwa na orkoiyot wao, Wagusii wana Sakawa na Moraa. Unaweza kusema masimulizi haya yamepambwa baadaye, na mimi nimekwisha kulisema. Lakini hata kupamba kunahitaji mtu anayeweza kufikiri mbele kwa miaka mingi. Jamii isiyo na wakati ujao isingeweza hata kuubuni uongo huo.

Wasomi walimjibu Mbiti kitambo. Mghana Kwame Gyekye na Mkenya Dismas Masolo ni miongoni mwao. Kinachonisumbua ni kwamba fikra yenyewe imebaki katika uhakiki wetu wa fasihi bila kutajwa jina. Ichukue riwaya ya Kiswahili iliyovunja mpangilio wa wakati. Katama Mkangi katika Walenisi (1995) anampeleka Dzombo, mtu aliyehukumiwa, katika nchi ya mbali ambayo ni sisi tungekuwaje tukitaka. Said Ahmed Mohamed katika Babu Alipofufuka (2001) anamtoa mzee kaburini aje amsute mjukuu wake mkubwa serikalini. Kyallo Wamitila katika Bina-Adamu! (2002) anamtembeza mhusika wake katika dunia ambamo historia na ndoto zimechanganyika. Kezilahabi alikwisha kututia katika njia hizo kwa Nagona mwaka 1990. Sasa fungua tahakiki nyingi za riwaya hizi. Utaambiwa mbinu hizo ni uhalisiajabu, na uhalisiajabu umetoka Amerika ya Kusini kwa akina García Márquez, au ni usasabaadaye, nao umetoka Ulaya.

Sikatai kwamba waandishi hawa wamesoma vitabu vya nje, ni wasomi. Lakini dunia ambamo mfu anarudi na kuzungumza na walio hai, ambamo anayesimama jana anaitaja kesho kwa kidole, haikuhitaji meli kutufikia. Ilikuwapo Getembe. Ilikatazwa Getembe. Mhakiki anayeitafutia pasipoti ya kigeni anarudia, bila kujua, yale ya Mbiti: kwamba Mwafrika akitazama mbele, lazima ameazima macho.

Sarufi ya kalamu nyekundu

Turudi darasani, maana huko ndiko watoto wetu wanakopoteza alama. Vitabu vingi vya sarufi vya shule za Kenya vinatoa kanuni ya usemi wa taarifa kama amri: -ta- iwe -nge-. Ninavyoona mimi, kanuni hii inafanana mno na ile ya Kiingereza inayomtaka mwanafunzi abadili tamko la wakati ujao pindi kitenzi cha kusema kikiwa cha wakati uliopita. Kiingereza kina neno lake la kazi hiyo. Sisi hatuna la namna hiyo, basi tukatafuta la kuziba pengo, tukaishika -nge-. Lakini -nge- ilikuwa na kazi yake tayari, na kazi hiyo ni masharti: "Ningekuwa na pesa ningenunua." Ukiivika kazi ya pili, haiivui ile ya kwanza. Inakuja na shaka yake mfukoni.

Ushahidi uko kila mahali. Fungua ukurasa wa kwanza wa gazeti lolote la Kiswahili: "Waziri alisema barabara itakarabatiwa." Mhariri haandiki "ingekarabatiwa", kwa sababu msomaji atauliza nani amekula pesa. Sikiliza taarifa ya hali ya hewa: "Wataalamu walisema mvua kubwa itanyesha magharibi mwa nchi." Weka "ingenyesha" uone kama kuna mkulima atakayetayarisha mbegu.

Au nenda Nyamira kwenye chai. Mkulima ametoka mkutanoni kiwandani, mkewe anamuuliza: "Wamesemaje?" Akijibu, "Walisema bonasi itapanda," mama anaanza kupiga hesabu ya karo. Akijibu, "Walisema bonasi ingepanda," mama hahitaji kusikia zaidi. Anajua karo itatafutwa kwingine. Mke na mume hao wanazijua -ta- na -nge- kuliko baadhi ya vitabu vyetu.

Hali ni hiyo hiyo kwa "hapa" na "kesho". Kanuni inasema "hapa" iwe "pale", "kesho" iwe "siku iliyofuata" au "keshoye". Vizuri, kama msimulizi amehama. Lakini mzee wetu hajahama. Amesimama Getembe ile ile aliyosimama Sakawa. Ukimlazimisha aseme "pale", umemwondoa mahali pake, na nusu ya maana ya hadithi ilikuwa mahali hapo.

Sisemi -nge- ifukuzwe. Ina nafasi. "Aliahidi angekuja" ni Kiswahili kizuri, hasa pale msemaji anapotaka kuonyesha kwamba ahadi ile haimhusu, au kwamba siku yake ilipita na mtu hakuonekana. Napendekeza tuifundishe hivi. Kama jambo lililotajwa bado linangojewa, -ta- ibaki, bila ubishi. Kama wakati wake umekwisha kupita, mwanafunzi achague: -ta- ikiwa anataka tuisikie sauti ya aliyesema, -nge- ikiwa anataka kusimama mbali nayo. Kisha aeleze sababu ya chaguo lake. Hilo swali la mwisho, la sababu, lina thamani kuliko alama mbili za kubadili viambishi kama anayebadilisha betri.

Najua pingamizi litakalotoka kwa watahini: mtihani unahitaji jibu moja, wasahihishaji ni wengi, tukiruhusu mawili itakuwa vurugu. Lakini mwongozo wa kusahihisha unaweza kuorodhesha majibu mawili. Vurugu ya kweli ni hii tuliyo nayo: mtoto anasoma gazeti lililoandikwa kwa kanuni moja, anasikiliza redio kwa kanuni hiyo hiyo, anazungumza na wazazi kwa kanuni hiyo, halafu anaingia chumba cha mtihani na kuambiwa kwamba wote hao wamekosea.

Pingamizi la pili ni zito zaidi. Mtu atasema: tukiacha -ta- katika masimulizi ya Sakawa, si tunamthibitisha kuwa nabii? Hapana. Kunukuu si kusadiki. Anayeandika "Sakawa alisema zitajengwa" anashuhudia jambo moja tu, kwamba ndivyo msimulizi alivyosema. Anayeandika "zingejengwa" ameongeza shaka ambayo msimulizi hakuwa nayo, kisha akaificha ndani ya sarufi ambamo hakuna wa kuiona. Kama mhakiki ana shaka, na aiseme waziwazi katika sentensi yake mwenyewe, kama nilivyoisema yangu hapo juu.

Kazi ya shule za Gusii

Jambo hili lina haraka yake. Waliouona mji wa Kisii ukiachwa wazi mwaka 1914 hawapo tena. Waliowasikia wakisimulia ni wakongwe sasa, na kila msimu wa mvua tunawazika wengine. Vitabu vya watafiti vilivyohifadhi habari za Sakawa na Mumbo viliandikwa kwa Kiingereza, na ndani yake -ta- ya wazee ilikwisha kubadilishwa mara moja kwa kanuni ya lugha ile. Tukiirudisha habari hiyo kwa Kiswahili kupitia -nge-, tutakuwa tumeibadilisha mara ya pili, na mjukuu atakayesoma atapokea kivuli cha kivuli.

Kwa hiyo naomba walimu wa Kiswahili na wa fasihi simulizi katika kaunti za Kisii na Nyamira watoe zoezi moja muhula huu. Kila mwanafunzi amtafute mzee mmoja, wa kiume au wa kike, amwombe simulizi moja ya unabii. Airekodi kwa simu kama mzee ameridhia. Aiandike kwanza kwa Ekegusii kama ilivyosemwa, kisha aifasiri kwa Kiswahili, akiandika na tarehe, mahali, na msimulizi aliisikia kwa nani. Aulize pia kuhusu unabii ambao haukutimia, maana huo ndio watu huusahau upesi, na ndio unaotuonyesha walichokitamani. Na kama mzee alisema "zitajengwa hapa", basi daftarini iandikwe "zitajengwa hapa", na mwalimu aweke alama ya vyema.